Kunakili Si Kuhamisha: Rekodi ya Mchezaji ni Mali ya Nani?

Mjadala kuhusu Kiswahili na teknolojia umetawaliwa mno na nomino. Kwa miaka mingi wasomi wamevutana baina ya tarakilishi, ngamizi na kompyuta, wino mwingi ukamwagika, na hatimaye umma ukajichagulia. Vitenzi navyo vimeachwa vijitafutie riziki. Kunakili, kuhamisha, kuhifadhi, kurejesha: maneno haya hutumiwa kiholela, moja mahali pa jingine, kana kwamba tofauti zake ni za kimtindo tu. Ilhali ipo nyanja ya maisha ya vijana ambamo tofauti hizo huamua iwapo kazi ya miezi sita itabaki au itatoweka kwa kubonyeza kitufe kimoja. Nyanja hiyo ni michezo ya video. Yamkini baadhi ya wahadhiri watatabasamu kuiona ikijadiliwa katika jarida la Kiswahili. Na watabasamu, hoja iko pale pale.

Mashine ya michezo, iwe ni PlayStation, Xbox au Nintendo Switch, hubeba vitu viwili vya asili tofauti kabisa. Kwanza kuna mchezo wenyewe: picha, sauti, kanuni na hadithi zilizotungwa na kampuni na kuuzwa kwa watu wengi, kila mmoja akipata kilicho sawa na cha mwenzake. Pili kuna faili dogo ambalo mchezaji hulizalisha kwa kucheza: amefika wapi, amekusanya nini, amemwokoa nani na kumwacha nani, timu yake ya kandanda ina nani katika msimu wa nane. Faili hili la pili ndilo litakaloitwa rekodi katika makala haya. Wapo wanaoliita hifadhi, lakini neno hifadhi limeelemewa. Ni tendo, ni kitu kilichotunzwa, ni mahali pa kukitunzia, na kule Tsavo ni makao ya ndovu. Mtu akisema kwamba hifadhi yake imekataa kuingia kwenye hifadhi ya nje, msikilizaji ana haki ya kuomba ufafanuzi.

Msimamo unaotetewa hapa ni kwamba rekodi ni kazi ya mchezaji, na kwamba mashine inayomzuia kuichukulia nakala na kuiweka kwenye flashi au diski yake mwenyewe inamnyima kilicho chake. Msimamo huu si wa kufikirika. Kwa zaidi ya miaka kumi mashine hizi zilimruhusu mchezaji kufanya hivyo, kisha ruhusa ikaanza kupunguzwa kidogo kidogo, na wengi hawakutambua.

Hapo awali rekodi haikuwa faili. Ilikuwa maandishi. Mwaka 1986 nchini Japani ulitolewa mchezo uitwao Dragon Quest, kwenye mashine ya Nintendo ambayo wakati huo haikuwa na mahali pa kuandika chochote ndani ya kaseti ya mchezo huo. Mchezaji alipotaka kupumzika, mfalme wa hadithi alimpa fungu la herufi 20 za kana lililoitwa kwa Kijapani Fukkatsu no Jumon, yaani Manuizo ya Ufufuo. Mchezaji aliyanakili kwa kalamu na karatasi, na siku ya pili akayaingiza ili aendelee alipoachia. Mwanafunzi wa fasihi atafurahi kujua kwamba herufi hizo zilipangwa kwa mafungu ya tano, saba, tano na tatu, na kwamba mafungu matatu ya kwanza yanafuata mizani ya haiku. Rekodi ilighaniwa na mfalme kama ubeti, ikaandikwa na msikilizaji. Herufi moja ikikosewa, kila kitu kimekwenda. Katika mchezo wa pili, wa mwaka 1987, manuizo yalirefuka hadi kufikia herufi 52, na bila shaka vilio viliongezeka kwa kadiri hiyo. Mchezo wa tatu, wa 1988, uliwekewa betri ndani ya kaseti ili kumbukumbu isifutike umeme ukizimwa. Rekodi ikapata jina jipya lenye maana ya kitabu cha visa vya safari. Ila kitabu chenyewe sasa kilikuwa kimefungiwa ndani ya kaseti, na betri ilipokufa kilikufa nayo. Karatasi ilikuwa na adha zake, lakini ilikuwa mkononi mwa mwenyewe na ilinakilika.

Kadi ya kumbukumbu iliyokuja na PlayStation mwishoni mwa mwaka 1994 ilirejesha uhuru huo kwa namna bora zaidi. Ilikuwa na ujazo wa kilobaiti 128 tu, zilizogawanywa katika vyumba 15. Ile ya PlayStation 2, ya mwaka 2000, ilikuwa na megabaiti 8. Leo picha moja ya simu yaweza kuijaza kadi ya kwanza mara kadhaa. Hata hivyo, kadi hizo zilikuwa na sifa moja ambayo warithi wake wameipoteza: zilichomolewa. Mtu aliitia mfukoni, akaenda kwa rafiki, akaichomeka pale, akaendelea na mchezo wake. Mashine ilikuwa na nafasi mbili za kadi, hivyo rekodi ingeweza kunakiliwa kutoka kadi hii hadi ile, isipokuwa michezo michache iliyokataa. Kwa mazingira ya Kenya hili lilikuwa na uzito wa pekee. Vijana wengi waliijua PlayStation si sebuleni kwao bali katika vibanda vya mitaani, ambako hulipwa kwa mechi au kwa saa, na ambako mashine ni ya mwenye kibanda. Asiye na mashine angeweza kuwa na kadi. Hakuwa na nyumba, tuseme, lakini sanduku lake la nguo lilikuwa lake.

Na sasa? Hapa ndipo penye kinyume cha ajabu. Mashine za leo zote zimefunguliwa milango ya nje, tena mipana. PlayStation 5 hupokea diski ya USB ya ujazo wa kuanzia gigabaiti 250 hadi terabaiti 8. Mchezo mzima wa PlayStation 5 unaweza kuhamishiwa humo, kama ilivyoruhusiwa tangu Aprili 2021, ingawa hauchezeki ukiwa huko mpaka urudishwe ndani. Nintendo Switch hupokea kadi ndogo ya microSD, na michezo iliyopakuliwa hukaa humo bila tatizo. Xbox nazo hupokea diski za nje. Mzigo wa makumi ya gigabaiti, ambao ni mali ya kampuni na ambao mchezaji akiupoteza anaweza kuupakua tena, hutoka na kuingia utakavyo. Lakini rekodi, yenye megabaiti chache, ambayo ikipotea hakuna duka duniani litakaloirejesha, ndiyo inayofungiwa ndani. Rekodi ya mchezo wa PlayStation 5 haikubali kunakiliwa peke yake kwenye flashi. Ya Switch haikubali kutoka kwenye kumbukumbu ya ndani kwenda kwenye kadi. Ya Xbox hubaki ndani ya mashine na katika seva za kampuni. Kinacholindwa kwa kufuli ni kile ambacho kampuni haikukitunga.

Wala haiwezi kudaiwa kwamba jambo hilo ni gumu kiufundi. PlayStation 4, iliyotoka mwaka 2013, humwezesha mchezaji kufungua sehemu ya data zilizohifadhiwa, kuchagua mchezo, na kuunakilia rekodi yake kwenye flashi ya kawaida. Hata PlayStation 5 yenyewe inaruhusu jambo hilo kwa rekodi za michezo ya PlayStation 4. Mashine moja, tundu moja la USB, mchezaji mmoja. Rekodi ya mchezo wa zamani inatoka, ya mchezo mpya haitoki. Xbox 360 ilianza kukubali rekodi kwenye flashi mwaka 2010, na mrithi wake wa 2013 akauondoa mlango huo. Ni kweli kwamba PlayStation 5 ina njia ya kunakili mashine nzima kwenye diski ya USB, rekodi zikiwemo. Lakini kuirejesha nakala hiyo hufuta kwanza kila kilichomo ndani ya mashine. Anayetaka kuokoa rekodi moja analazimika kubomoa nyumba ili apitishe kiti.

Turudi kwenye vitenzi, maana Switch inavihitaji sana. Tangu Oktoba 2017 mashine hiyo imekuwa na njia ya kupeleka rekodi kutoka Switch moja hadi nyingine, mashine mbili zikiwa karibu karibu. Mtumiaji asiye makini hudhani kwamba ananakili. Hanakili, anahamisha. Kazi ikikamilika, rekodi haipo tena ilikotoka. Kiswahili kina utajiri wa kulieleza hili bila kuongeza hata silabi moja: kinachonakiliwa huacha asili yake mahali pake, kinachohamishwa huondoka na virago vyake. Mhamaji hawezi kuwa Lamu na Malindi kwa wakati mmoja. Mwenye kumwelekeza ndugu yake kwa simu aseme "nakili" pale anapopaswa kusema "hamisha", kisha ndugu huyo akaigawa au kuiuza mashine mpya kwa imani kwamba ya zamani bado ina kila kitu, amesababisha hasara isiyofidika. Hali kadhalika, kurejesha si kuongeza: hufuta kilichopo na kukiweka cha zamani mahali pake. Menyu za mashine hizi hazina Kiswahili, hivyo kila maelezo ya Kiswahili yanayotolewa kibandani au katika karakana ya fundi ni tafsiri ya papo hapo, na mtafsiri wake ni kijana ambaye hakuna mtu aliyemfundisha kutofautisha vitenzi hivyo. Wanaopaswa kumwandalia istilahi ni hao hao wanaotabasamu.

Jibu la kampuni kwa malalamiko kama haya ni wingu, yaani rekodi kupakiwa kwenye seva zake kupitia intaneti. Wingu lina faida zake, na Microsoft inastahili kusifiwa kwa kutolitoza mchezaji wa Xbox ada ya kutunza rekodi. Kwa Sony, rekodi za PlayStation 4 na 5 hupakiwa winguni na mwenye kulipia PlayStation Plus tu. Kwa Nintendo ni mwenye kulipia Nintendo Switch Online, huduma iliyoanza Septemba 2018. Ada ikikatika, mchezaji hawezi kuzifikia rekodi zake mpaka alipe tena, na ana siku 180 za kufanya hivyo. Huyu si mtunzaji wa amana. Ni mwenye ghala anayeshika mzigo mpaka alipwe kodi, na baada ya muda haulizwi tena. Isitoshe, kuna michezo ambayo Nintendo yenyewe iliinyima wingu. Animal Crossing: New Horizons, uliotoka Machi 2020 wakati mataifa mengi yakifunga milango kwa sababu ya korona, ulikuwa miongoni mwake. Watu walijijengea visiwa, wakapanda bustani, wakaalikana harusi na mahafali humo kwa kuwa hawangeweza kukutana kwingine. Kwa miezi kadhaa ya mwanzo, mashine ikiharibika kisiwa kilizama nayo. Nintendo iliongeza njia maalumu ya kukiokoa kisiwa mwishoni mwa Julai mwaka huo, na chombo cha kukihamishia mashine nyingine mnamo Novemba. Kama kisiwa hicho kingenakilika kwenye kadi ya microSD, ambayo tayari ilikuwa imechomekwa ndani ya mashine, pasingehitajika njia maalumu.

Kwa Mkenya wingu liko mbali zaidi. Kufikia mwaka 2024 Kenya haikuwa katika orodha ya nchi zinazohudumiwa rasmi na PlayStation Network; mchezaji wa Nairobi au Kisumu hujisajili kama mkazi wa nchi nyingine na kununua kadi za malipo za nchi hiyo. Rekodi yake ya miaka mitatu, basi, imetundikwa kwenye anwani isiyokuwa yake, katika nchi ambayo huenda hajawahi kuikanyaga. Juu ya hayo kuna bando za intaneti na kuna umeme unaokatika katikati ya kuandika rekodi, jambo linaloweza kuliharibu faili lote. Mashine nyingi mitaani zimenunuliwa zikiwa zimetumika, zikafunguliwa na mafundi wa Luthuli Avenue, zikabadilishwa diski. Fundi anayeweka diski mpya katika PlayStation 4 hafanyi kosa lolote. Lakini kama rekodi hazikunakiliwa kwanza kwenye flashi, diski ya zamani inaondoka nazo. Mali bila daftari, wahenga walisema, hupotea bila habari. Hapa daftari lenyewe ndilo mali.

Hoja ya kampuni haipaswi kupuuzwa. Rekodi inayotoka nje inaweza kuchezewa na kurudishwa ikiwa imejaa utajiri usiotolewa jasho, na katika michezo inayochezwa na watu wengi kupitia mtandao huo ni wizi wa wazi. Tena rekodi inaweza kuwa ufunguo bandia wa mashine nzima. Mwaka 2008 wadukuzi waliandaa rekodi ya mchezo wa The Legend of Zelda: Twilight Princess ambamo jina la farasi wa shujaa lilirefushwa kupita kiasi, walipoiingiza kwenye Wii kupitia kadi ya SD, mashine ilishindwa kulimeza jina hilo na ikajikuta ikiendesha programu ambazo Nintendo haikuziidhinisha. (Ni nadra jina la farasi kuitia hasara kampuni.) Wasiwasi upo, basi, na una historia. Lakini dawa iliyochaguliwa ni kali kuliko ugonjwa. PlayStation 4 ilikwisha kuonyesha kwamba rekodi inaweza kusimbwa na kufungwa kwa akaunti ya mwenyewe, isifunguke kwenye akaunti ya mwingine, na bado ikakubaliwa kukaa kwenye flashi. Kuhusu michezo ya mtandaoni, data zake muhimu hutunzwa na seva hata hivyo. Kinachobaki ni michezo ya mtu mmoja, na huko anayejidanganya anajidanganya mwenyewe, hakuna mlalamikaji.

Swali gumu zaidi ni lile la kifasihi. Je, rekodi ni kazi ya mchezaji kweli, au ni alama tu aliyoiacha katika kazi ya mwingine, kama msomaji anayekunja ukurasa? Mwaka 1997 Espen Aarseth, katika kitabu chake Cybertext, alipendekeza kwamba zipo matini ambazo haziwezi kupitiwa bila msomaji kuzifanyia kazi ya ziada, zaidi ya kupitisha macho na kufunua kurasa. Waliozoea nadharia ya upokezi hawatashtuka: kama msomaji huikamilisha riwaya akilini, mchezaji huukamilisha mchezo kwa vidole, na tofauti ni kwamba ukamilishaji wake unaandikwa. Ukurasa uliokunjwa hausemi lolote kuhusu aliyeukunja ila kwamba alifika hapo. Rekodi husema alichochagua, na wachezaji wawili wa mchezo mmoja hutoka na rekodi mbili zisizofanana. Inakaribiana zaidi na utungo wa papo kwa papo wa manju ambaye ngano ni ya jamii nzima lakini usimulizi wa usiku ule ni wake.

Na fasihi ya Kiswahili inajua vyema thamani ya nakala. Hati ya Utendi wa Tambuka wa Mwengo wa Athumani iliyo Hamburg ina tarehe ya mwaka 1728. Tenzi nyingi za Lamu na Pate zilitufikia kwa sababu wanakili kama Muhamadi Kijuma walikaa na kalamu na kuziandika upya kwa hati za Kiarabu, kisha nakala zikasambaa. Laiti kila mswada ungekuwa umefungwa ndani ya jumba moja ambalo mwenyewe anaruhusu utenzi kuhamishwa lakini haruhusu kunakiliwa, idara nyingi za fasihi zingekuwa na kozi chache za kufundisha.

Sheria pia imeanza kusogea upande huo, hata kama haikuwafikiria wachezaji. Sheria ya Ulinzi wa Data ya Kenya ya mwaka 2019, katika kifungu cha 38, inampa mtu haki ya kupokea data zake binafsi katika muundo unaosomeka kwa mashine na kuzipeleka kwingine bila kizuizi. Muungano wa Ulaya ulikuwa na kifungu kama hicho katika kanuni zilizoanza kutumika Mei 2018. Iwapo rekodi ya mchezo ni data binafsi ni suala la mawakili. Ila inafaa kuzingatiwa kwamba haki inayotajwa hapo, ingawa aghalabu huitwa haki ya kuhamisha data, kwa hakika ni haki ya kunakili: mwenye data hupewa nakala, na kupewa kwake pekee hakufuti zilizoko kwa mtunzaji. Watafsiri wa sheria nao wana kibarua.

Hadi kampuni zitakapobadili msimamo, yapo machache yanayowezekana. Mwenye kibanda cha PlayStation 4 anahitaji flashi iliyoandaliwa kwa mfumo wa exFAT au FAT32, isiyokuwa ile diski aliyokwisha kuiandaa kubeba michezo, kwa kuwa diski hiyo huandikwa kwa mfumo wa mashine yenyewe. Mteja wa kudumu anayejenga timu yake msimu baada ya msimu katika FIFA, uliobadilishwa jina kuwa EA Sports FC mwaka 2023, afunguliwe akaunti yake mwenyewe, maana rekodi iliyofungwa kwa akaunti ya kibanda haitamfuata popote, hata ikinakiliwa mara kumi. Rekodi inakiliwe kabla mashine haijapelekwa kwa fundi, si baada ya kurudi. Mwenye PlayStation 5 anaweza kunakili mashine nzima kwenye diski kubwa, akikumbuka kwamba siku ya kurejesha kila kilichoongezwa baada ya nakala kitafutika. Mwenye Switch hana nakala ya kujitengenezea. Atalipia wingu, au ataitunza mashine isianguke.